Pwani ya Tanganyika nayo ni Burundi

Mkoa wa Rumonge uliishi miaka kumi tu. Ulizaliwa Machi 2015, serikali ya Burundi ilipozitoa komini za Rumonge, Burambi na Buyengero kwenye mkoa wa Bururi, ikazichukua Bugarama na Muhuta kutoka Bujumbura Vijijini, ikaziweka pamoja. Mwaka 2023 sheria nyingine ikapunguza mikoa ya nchi kutoka 18 hadi 5, na komini kutoka 119 hadi 42. Baada ya uchaguzi wa Juni 2025 ramani hiyo mpya ikaanza kazi. Leo Rumonge ni komini ndani ya mkoa mpana wa Burunga, pamoja na Bururi, Makamba na Rutana, eneo ambalo sehemu yake kubwa ni ya milima, ng'ombe na chai.

Mtu wa Kizuka, huko Rumonge, hajahama. Michikichi yake iko palepale, na ziwa liko palepale.

Kupanga upya mikoa ni haki ya serikali, na ofisi chache zinaweza kupunguza gharama. Lakini ramani mpya imelifanya jambo la zamani kuwa la haraka. Ukanda wa ziwa, kuanzia Kabezi hadi Nyanza-Lac, una miji yake, mazungumzo yake, chakula chake na historia yake, na taifa halijawahi kuupa heshima inayolingana na ile ya ngoma na ng'ombe wa milimani. Ngoma za kifalme ziliingizwa kwenye orodha ya UNESCO mwaka 2014, na zilistahili. Utamaduni wa pwani ya Tanganyika haujaandikwa hata kwenye vitabu vya shule kwa kiasi cha kutosha. Rumonge ilipokuwa mkoa, angalau ulikuwa na gavana wa kuusemea. Sasa unahitaji kusemewa na wenyewe, na Gitega na Bujumbura zisikie.

Anayetoka Bujumbura kwa Barabara ya Taifa namba 3 hupita kwanza Mugere, kwenye jiwe kubwa lililoandikwa majina ya Livingstone na Stanley na tarehe ya Novemba 25, 1871. Wageni hao walilala hapo siku mbili, wakaendelea na safari yao ya kuchunguza ncha ya kaskazini ya ziwa. Mbele ya hapo barabara inabanwa kati ya mlima na maji. Inafuata Gitaza, ambako mvua zimewahi kuuporomosha mlima hadi barabarani, kisha Magara, kisha Minago. Halafu ardhi inatanuka, michikichi inafunika pande zote mbili, na msafiri anaingia Rumonge, kama kilomita 75 kutoka Bujumbura. Wageni wa siku mbili wana jiwe lao. Wavuvi na wafanyabiashara walioufanya ukanda huu uwe na miji bado hawajawekewa alama ya hadhi hiyo.

Na walikuwepo kabla ya wageni hao. Burton na Speke walifika ziwani Februari 1858 kwa njia ambayo misafara kutoka pwani ya Bahari ya Hindi ilikuwa imeshaizoea. Kutoka Ujiji mitumbwi ilipanda kaskazini, na Rumonge ikawa mojawapo ya vituo. Biashara hiyo ilibeba pembe, chumvi na nguo, na ilibeba watumwa pia. Historia ya pwani haiwezi kuandikwa kwa kuficha hilo. Mfanyabiashara Muhammad bin Khalfan, maarufu kwa jina la Rumaliza, alijaribu kuipenya Burundi kwa upande huu wa ziwa, na ufalme wa Mwezi Gisabo ukamzuia. Mapadri Weupe walifungua misheni Rumonge mwaka 1879. Mei 1881 wamisionari watatu wakauawa hapo. Kwa hiyo huu ni mji uliokutana na dunia mapema, kwa heri na kwa shari, kabla Wajerumani hawajaweka kituo chao cha kijeshi Usumbura, Bujumbura ya leo, mwaka 1897.

Wabelgiji walipoitawala nchi, Waswahili wa Usumbura walitengewa mitaa yao, Buyenzi ikiwa maarufu kuliko yote, wakahesabiwa kuwa watu wasio na kwao. Baadaye watu haohao walikuwa miongoni mwa wafuasi wa mwanzo na wenye bidii wa Louis Rwagasore, kiongozi wa harakati za uhuru. Chama chake cha UPRONA kilipata nguvu kwa wafanyabiashara na akina mama wa Buyenzi, na mawasiliano yake na TANU ya Nyerere yalipita kwenye njia ambazo Waswahili walizijua vizuri. UPRONA ilishinda uchaguzi wa Septemba 1961. Rwagasore aliuawa Oktoba 13 mwaka huohuo. Anayedai leo kwamba Mswahili wa Burundi ni mgeni asome upya namna uhuru ulivyopatikana.

Dharau hiyo haijaisha. Milimani bado wapo wanaomwona mtu wa Kiswahili kuwa mjanja wa mjini asiyeaminika, na mtoto wa Rumonge anayekwenda kusoma Bururi au Gitega hujifunza haraka kunyamazisha lafudhi yake. Hilo ni jeraha, na serikali inaweza kusaidia kulitibu. Burundi iliingia Jumuiya ya Afrika Mashariki Julai 2007, na Kiswahili kikaingizwa katika masomo ya shule za msingi. Mwaka 2021 wakuu wa nchi za Jumuiya wakakifanya kuwa mojawapo ya lugha zake rasmi. Hata hivyo, sheria ya lugha ya mwaka 2014 inataja Kirundi, Kifaransa na Kiingereza kuwa lugha rasmi za nchi, huku Kiswahili kikibaki somo la kufundishwa. Walimu wengi wanakifundisha kutoka kwenye daftari. Wakati huohuo Rumonge ina maelfu ya watu wanaokizungumza tangu wanapoamka mpaka wanapolala. Kama kuna mji nchini unaostahili chuo cha kuwaandaa walimu wa Kiswahili, ni huu.

Ushahidi uko ufukweni, alfajiri, mitumbwi inaporudi. Wavuvi wamekesha na taa zao, kwa sababu ndagala, dagaa wa ziwa hili, hufuata mwanga na hupanda juu ya maji wakiuona. Mwezi unapokuwa mpevu taa hazina kazi, mitumbwi inapumzishwa, na bei ya samaki sokoni inapanda. Akina mama wanasubiri na beseni. Mmoja anaingiza mkono katikati ya rundo, anageuza ndagala wa chini waje juu, ananusa, anataja bei kwa Kirundi. Mvuvi anamjibu kwa Kiswahili. Mwenzake anaingiza neno la Kifaransa la hesabu, na biashara inafungwa. Hakuna anayeona ajabu. Ndagala wanaobaki wanaanikwa, wengine bado juu ya mchanga, wengine juu ya vichanja vya nyavu vilivyoinuliwa, ambavyo huwakausha haraka na kuwaepusha na uchafu. Kisha wanapanda milimani ndani ya magunia, hadi kwenye vijiji ambavyo watu wake hawajawahi kuliona ziwa. Mukeke ni habari nyingine. Huyo ni samaki wa mgeni, wa kuchomwa mzima, na pilipili pembeni, na ndizi au ugali wa muhogo.

Uvuvi huo uko mashakani, na hapa pwani haiwezi kujiokoa peke yake. Burundi inamiliki takriban asilimia 8 tu ya ziwa. Kongo ina asilimia 45, Tanzania 41, Zambia 6. Samaki hana pasipoti. Nchi nne zilitia saini mkataba wa pamoja mwaka 2003, Mamlaka ya Ziwa Tanganyika ina makao yake Bujumbura, na mwaka 2024 Tanzania ilifunga uvuvi upande wake kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15 ili samaki wazaane. Kupumzisha ziwa ni jambo la maana. Lakini miezi mitatu bila samaki ni miezi mitatu bila ada ya shule kwa familia ya mvuvi, na mpango wowote usiotaja familia hiyo itakula nini utavunjwa usiku, kimyakimya, na watu wenye njaa.

Nguzo ya pili ni mawese. Kuanzia Kizuka hadi Kigwena mchikichi ndio benki ya mkulima: mkungu unakatwa, unaachwa siku chache ulegee, ngazi, yaani matunda yake, zinapukutishwa, zinachemshwa kwenye pipa, kisha zinakamuliwa kwa mashine ndogo ambazo mngurumo wake unasikika kutoka mbali. Mafuta yanatoka mekundu kama udongo wa barabara za milimani. Makapi yanageuka kuni, kokwa zinapasuliwa kwa ajili ya sabuni. Hakuna kinachotupwa. Serikali ina ofisi yake ya mafuta ya mawese, OHP, na mbegu bora zimesambazwa kwa miaka mingi. Ila bei bado inaamuliwa na mwenye gari. Mkulima aliyepeleka madumu yake barabarani kwa baiskeli hana pa kuyahifadhi, na wakati petroli inapokosekana, kama ilivyotokea mara nyingi miaka hii, yeye ndiye anayebeba hasara.

Chini ya michikichi hiyo kuna jambo zito zaidi. Mwishoni mwa Aprili 1972 uasi ulizuka ukanda huuhuu, Rumonge na Nyanza-Lac, na ukandamizaji uliofuata uliua watu nchi nzima, wanaokadiriwa kuwa zaidi ya laki moja. Wengi wa pwani walivuka kwenda Tanzania, wakaishia kwenye makazi ya wakimbizi ya Katumba, Mishamo na Ulyankulu. Mashamba yao yakachukuliwa; mengine yakapewa watu wengine, mengine yakaingia kwenye miradi ya michikichi. Zaidi ya miaka 35 baadaye Tanzania ilipowapa wakimbizi hao nafasi ya kuchagua, wengi walichagua uraia wa huko, na zaidi ya 50,000 wakarudi kuanzia mwaka 2008. Walirudi na watoto waliozaliwa Tabora na Rukwa, wanaoongea Kiswahili cha shuleni, wakikuta darasa la Kirundi na Kifaransa na shamba la babu likiwa na mtu mwingine juu yake. Tume ya ardhi iliyoundwa mwaka 2006 ilishughulikia kesi nyingi, na kila uamuzi ulimfurahisha mmoja na kumuumiza mwingine.

Watu hao wameibadilisha Rumonge. Wamekiongezea Kiswahili chake maneno ya Tabora, wamefungua vibanda, wameoa na kuolewa. Pwani imezoea kupokea. Januari 2018 maelfu ya Wakongo wa Fizi walivuka ziwa kwa mitumbwi wakikimbia mapigano, wakashuka kwenye fukwe za Rumonge na Nyanza-Lac. Karibu miaka mitatu kabla ya hapo, Mei 2015, Warundi wenyewe ndio waliokimbilia Kagunga, upande wa Tanzania, na meli kongwe ya Liemba ikawasafirisha hadi Kigoma. Familia nyingi za ukanda huu zina ndugu Uvira, Baraka na Kigoma. Huko ndiko kwao kwa pili, na ujuzi huo wa kuishi na jirani ni mali ambayo nchi isiyo na bahari inapaswa kuithamini.

Ziwa nalo limekuja juu. Kwa miaka kadhaa maji yamekuwa yakipanda, na mwaka 2024 yakapita mita 777 juu ya usawa wa bahari, kiwango kilichoonekana mara ya mwisho miaka ya 1960. Nyumba za ufukweni zikaingiwa na maji, mialo ikazama. Sheria ya maji ya mwaka 2012 inataka mita 150 ziachwe wazi kandokando ya Tanganyika, na wakubwa waliojenga hoteli ndani ya mita hizo wanajulikana kwa macho. Wanapofurushwa maskini kwa jina la sheria, sheria hiyo ianze na kuta za zege.

Fursa zipo. Benki ya Maendeleo ya Afrika imegharamia ujenzi upya wa barabara ya Rumonge hadi Gitaza, kilomita 45, katika mpango mmoja na ile ya Kabingo, Kasulu na Manyovu upande wa Tanzania. Lami hiyo itaifanya Rumonge kuwa kituo cha njiani kati ya Bujumbura na Kigoma, jukumu ambalo mitumbwi iliipa karne nzima. Lakini lami peke yake huwapitisha watu tu. Ili wasimame, mji unahitaji soko la samaki lenye barafu na maji safi, bandari inayofanya kazi, na nyumba ya kumbukumbu ya ziwa ambamo nyavu, taa, mitumbwi na sauti za wazee zitahifadhiwa. Ujiji wana makumbusho yao. Rumonge haina sababu ya kukosa.

Viongozi wapya wa Burunga wana miaka yao ya kwanza mbele yao. Waje wakae Rumonge na Kizuka, wawasikilize wavuvi na akina mama wa sokoni kwa lugha wanayoitumia, na waandike pwani hii ndani ya bajeti ya kwanza ya mkoa. Na vijana wa Rumonge wenye simu mkononi waanze leo kuwarekodi bibi na babu zao, maana wazee wanaokumbuka ziwa la kabla ya 1972 wamebaki wachache.