Kusikia si Kuona: Karatasi Inapotoa Ushahidi

Wahenga walinena kuwa lisemwalo lipo, na kama halipo li njiani laja. Barazani na sokoni kauli hii yatosha. Katika kesi ya jinai haitoshi kamwe, kwani huko hutawala methali nyingine: kusikia si kuona. Kifungu cha 63 cha Sheria ya Ushahidi ya Kenya, Sura ya 80, kinataka ushahidi wa mdomo uwe wa moja kwa moja. Aliyeona aeleze alichokiona, aliyesikia aeleze alichokisikia mwenyewe. Sababu yake i wazi. Mwenye kuanzisha uvumi hakula kiapo, wala mshtakiwa hawezi kumhoji.

Utata huzuka pale msemaji anapokuwa karatasi. Wapo wanaodhani kwamba andiko likishapigwa muhuri limekwisha kuvuka mpaka wa tetesi. La hasha! Karatasi huingia mahakamani kwa sura mbili: kama msimulizi, au kama unyayo ulioachwa njiani. Kesi mbili za Uingereza zadhihirisha tofauti hiyo.

Katika kesi ya Rice ya mwaka 1963, tiketi ya ndege iliyokwisha kutumika, yenye jina la mshtakiwa, ilipokelewa. Haikupokelewa kama msimulizi wa nani aliyesafiri, bali kama kitu ambacho kwa kawaida hutumiwa na mwenye jina. Dalili ya mvua ni mawingu. Huo ndio ushahidi wa kimazingira. Katika kesi ya Myers, iliyoamuliwa mwaka 1964, rekodi za kiwanda cha magari zilitolewa ili kuthibitisha nambari za injini. Wengi wa majaji wa Baraza la Malodi walisema hazikustahili kupokelewa, kwa kuwa zilikuwa usemi wa wafanyakazi wasiojulikana. Mwaka 1965 Bunge la huko likatunga sheria ya kuruhusu rekodi za namna hiyo.

Hapana shaka wapo watakaouliza: ni mfanyakazi gani awezaye kukumbuka nambari ya kila injini? Swali ni la haki, na ndiyo maana sheria huweka vighairi. Hata hivyo, kighairi kisigeuzwe kuwa mazoea. Kifungu cha 77 cha sheria ya Kenya huruhusu ripoti ya daktari, kama vile fomu ya P3, itumike bila daktari mwenyewe kufika. Mahakama yaweza kumwita ahojiwe. Neno hilo "yaweza" ni dogo, lakini hubeba uhuru wa mtu. Ripoti inapokuwa nguzo ya mashtaka, na mshtakiwa hana wakili wa kumzindua kuhusu haki hiyo, yafaa hakimu amwite mwandishi wake pasi na kungoja kuombwa.

Mwanafasihi hufunzwa mapema kutomwamini kila msimulizi, bali kuuliza anasema nani, kwa nini, na aliyajuaje. Hakimu naye ana wajibu huo huo mbele ya kila karatasi. Hata iwapo karatasi ni unyayo tu, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki iliamua mwaka 1949, katika kesi ya Kipkering arap Koske, kwamba ushahidi wa kimazingira humtia mtu hatiani pale tu usipoweza kuelezeka kwa njia nyingine ya busara ila hatia yake. Mawingu hayatoshi, sharti ithibitike kwamba mvua ilinyesha.