Kelele za Grupu Hazileti Maji

Hapa kwetu Maji ya Chai, kando ya Mlima Meru, imetuingia imani kwamba mwenye uchungu na jambo ni yule anayeandika upesi na kwa ukali. Bomba likikauka, picha inarushwa kwenye grupu la mtaa alfajiri. Kufika saa nne sauti zimejaa hata hazisikilizwi tena, kamati ya maji imetukanwa, na aliyeuliza kwa upole maji yamekatika tangu lini na upande gani ameshaitwa kibaraka. Mjumbe wa kamati anajitoa. Anaondoka na namba ya fundi, na yeye ndiye aliyejua ni valvu ipi iliyofungwa. Watu wanalisifu grupu kwamba limechangamka, na ndoo bado ni tupu.

Imani hiyo ni ya uongo, na sisi inatuumiza kuliko wengi. Mto wetu una rangi ya chai, na maji mengi ya maeneo yanayouzunguka Mlima Meru yana floraidi kupita kiasi. Tunaiona kwenye meno ya watoto wetu, na kwa wengine kwenye mifupa iliyopinda. Tatizo kama hilo linataka watu wa kupima, kuandika tarehe, kwenda ofisini, kuambiwa rudi kesho, na kurudi kweli. Mwenye hasira ya asubuhi moja hafiki hiyo kesho.

Wanaosema utulivu ni woga waangalie upande wa pili wa mlima huu. Novemba 1951 serikali ya kikoloni iliwafukuza Wameru wapatao 3,000 kutoka Engare Nanyuki, nyumba zikachomwa moto, ili ardhi wapewe walowezi wa Kizungu. Kama ilikuwepo siku ya kushika mikuki, ni ile. Wameru hawakuishika. Walikataa kuhamia King'ori, wakakataa fidia, wakachangishana fedha, wakamtuma mwenzao Kirilo Japhet. Mwaka 1952 alisimama mbele ya Umoja wa Mataifa, New York, pamoja na wakili Earle Seaton, akaeleza walichotendewa watu wake. Kura za Baraza Kuu za kuwaunga mkono hazikufika theluthi mbili zilizotakiwa. Kirilo alirudi akaendelea kuwaeleza wananchi habari ile, na hapo chama cha TANU kilikuwa hakijazaliwa. Mwoga ni nani hapo?

Nitaambiwa kwamba bila kelele wakubwa hawasikii. Sikatai, kelele zinaweza kumfanya mkubwa apige simu. Lakini akiuliza ni kaya ngapi hazina maji, tangu tarehe gani, na nani aliongea na fundi, grupu zima linakuwa bubu, kwa sababu aliyekuwa akiyaandika hayo tulishamfukuza kwa matusi.

Kwa hiyo admini, moto ukiwaka, lifunge grupu usiku mmoja, waandike maadmini peke yao. Asubuhi uliza hayo maswali matatu, uyapokee majibu, mengine yasubiri. Na yule mjumbe aliyejitoa asitumiwe kiungo cha kujiunga tena. Aendewe nyumbani na mzee anayemheshimu, aombwe radhi.