Wapima Ndoto Wasifungwe Tena

Ndugu waandishi wenzangu, wapo wakubwa wanaotuambia sisi vijana wa Mbulu na Hanang: andikeni ng'ombe, njaa na mashamba; nchi za ndotoni eti ni upuuzi. Mimi nakataa!

Mwaka 1951, Mwingereza akiwa bado anatutawala, Shaaban Robert alitoa Kusadikika, nchi inayoelea angani. Wajumbe wake sita walitumwa pande zote, hadi mbinguni na ardhini, kutafuta mema. Waliporudi wakatupwa gerezani. Nchi ya kubuni, lakini dhuluma ile nani hakuitambua?

Na kwetu je? Wazee wa Kiiraqw wanazijua chemchemi zinazokaliwa na neetlaamee, pepo wa majini. Mtoto anaambiwa: pale usichezee. Hiyo ni ramani kamili, ila haimo kwenye karatasi. Mpima ardhi akija ataandika "chemchemi", basi, kazi kwisha. Aliyemo ndani ataandikwa na nani, kama siyo sisi? Wazee hawatungoji.

Anayemcheka kijana wa kazi hiyo anamfunga mjumbe wa saba. Shika daftari, ndugu. Waache wacheke.