Kalamu ya Mchoraji Isidharauliwe

Msomaji, wako watu wasemao kuwa hadithi za picha ni mchezo wa wavivu, na kwamba kijana azichoraye pambizoni mwa daftari lake anapoteza wakati. Neno hili husemwa kwa sauti ya hekima, lakini hekima haimo ndani yake. Haki ni kupima kwanza, kisha kulaumu. Watu hawa hulaumu kabla ya kufungua ukurasa.

Mtazame Jeff Smith, Mmarekani wa jimbo la Ohio. Mwaka 1991 alianza kuchapisha hadithi yake iitwayo Bone yeye mwenyewe, bila kutegemea kampuni kubwa. Mkewe, Vijaya Iyer, aliacha kazi yake akaisimamia biashara. Mwanzoni wanunuzi walikuwa wachache. Lakini aliyesoma alimwambia mwenzake, na haba na haba ikajaza kibaba. Hadithi ilipokwisha mwaka 2004 ilikuwa imetoka katika matoleo 55, yenye kurasa zaidi ya 1,300. Je, mvivu aiweza kazi hiyo?

Husemwa tena kuwa picha humnyima msomaji fikira. Si kweli. Smith aliwachora mashujaa wake watatu kwa mistari michache ya brashi, weupe na wa mviringo kama madonge ya unga. Lakini miti, mawe na theluji iliyowazunguka aliichora kwa uangalifu mkubwa. Kwa hiyo ugeni wao katika bonde lile huonekana kabla haujatajwa. Kicheko hutangulia, hofu hufuata. Na vita vikija, huwakuta watu ambao msomaji amekwisha kuwapenda. Pengine picha hufuatana bila neno hata moja. Nani basi hulijaza pengo lililo kati ya picha na picha, ila fikira za msomaji?

Sisemi kwamba kila katuni ni njema. Ziko mbovu, kama ziko riwaya mbovu. Lakini hatuchomi ghala kwa sababu ya panya.

Basi wewe mwenye kipaji hiki, usikionee haya, wala usikifanye kisingizio cha kuacha masomo. Jifunze lugha, na tabia za watu, maana mchoraji wa hadithi huvihitaji vyote viwili. Na wewe usiyechora, soma kabla ya kuhukumu. Mdharau mwiba mguu huota tende.