Dini ya Maji, na Dumu Letu

Mfanyakazi mmoja wa shirika alitusomea hapa kambini kipande cha Dune, riwaya ya Frank Herbert ya mwaka 1965. Akasema, "Oneni Wafremen wanavyoyaheshimu maji!" Eti tujifunze kwao.

Nilikataa palepale, na nakataa tena kwa maandishi. Ni kweli, kwenye ile sayari ya jangwa, Arrakis, dini ya Wafremen ni maji. Mtu akitema mate mbele yako, amekupa heshima. Akifa, maji ya mwili wake yanachukuliwa, ni mali ya kabila. Kijana Paul alipomlilia mtu aliyemuua mwenyewe, wakashangaa: anampa marehemu machozi! Inapendeza kusoma, sibishi.

Lakini mbona hakutusomea ile karamu ya baba yake Paul, Duke Leto? Desturi aliyoikuta ikulu ilikuwa hivi: wageni wananawa, maji wanayamwaga sakafuni, taulo wanazitupa, nje maskini wanangojea yale yatakayokamuliwa kwenye taulo. Leto akaipiga marufuku. Basi mtueleze, hapo nani alihitaji kufundishwa heshima ya maji?

Kiwango cha Sphere, mnakijua kuliko sisi, ni lita 15 kwa mtu kwa siku. Juzi nyumbani kwangu tulikuwa watu sita na dumu moja la lita 20. Mama mkwe hakunawa ili wajukuu wanywe. Ibada gani hiyo, jamani? Hata Wafremen waliota miti na maji yanayotiririka. Sisi tunaomba fundi tu. Pampu imekufa tangu Jumatatu.