“Mama, mbona vibranium haikumponya mfalme?”

Swali hili huwa haliji filamu ikiisha. Huja kesho yake, mtoto akiwa anaoga au anavalishwa sare ya shule: kama vibranium ilimponya yule mzungu aliyepigwa risasi mgongoni, mbona haikumponya mfalme? Wazazi wengi hujibu, “Ile ni sinema tu, fanya haraka.” Si uongo. Ila mtoto hakuwa anauliza habari za sinema.

Kwa mzazi ambaye huwa anasinzia kwenye kochi watoto wakitazama, vibranium ni madini ya kubuni. Yaliletwa na kimondo kilichoanguka Wakanda, nchi ya Kiafrika isiyo kwenye ramani yoyote, iliyoonekana mara ya kwanza mwaka 1966 katika vitabu vya katuni vya Fantastic Four vya Stan Lee na Jack Kirby. Madini hayo hufyonza nguvu ya pigo, ndiyo maana risasi hazipenyi vazi la mfalme T’Challa. Yamebadilisha hata mimea: kuna ua lenye umbo la moyo ambalo mfalme akinywa maji yake hupata nguvu zisizo za kawaida. Katika filamu ya Black Panther ya mwaka 2018, ile aliyocheza Lupita Nyong’o kama Nakia, Shuri, mdogo wake mfalme, anamtibu jasusi Everett Ross aliyeumia uti wa mgongo. Kesho yake mgonjwa anaamka na kutembea. Mtoto akiona hivyo anajiwekea kanuni kichwani: Wakanda hakuna asiyepona.

Kisha ikaja Wakanda Forever, mwaka 2022. Dakika za mwanzo tu Shuri yuko maabara akihangaika kutengeneza lile ua kwa mashine, kwa sababu maua yote yalichomwa moto katika filamu ya kwanza. Anachelewa. Mama yake anaingia na kumwambia kaka yake amefariki. Maabara iliyojaa vibranium haikusaidia kitu.

Nyuma ya tukio hilo kuna msiba wa kweli. Chadwick Boseman, aliyecheza mfalme, alifariki Agosti 28, 2020 akiwa na miaka 43. Alikuwa na saratani ya utumbo mpana, iliyogundulika mwaka 2016 ikiwa hatua ya tatu, na alifanya kazi huku akipata matibabu bila watu wengi kujua. Watengenezaji wa filamu hawakutafuta mtu wa kuvaa nafasi yake. Walimzika T’Challa pamoja naye, na kwa njia hiyo wakaingiza sebuleni jambo ambalo watu wazima wengi hukwepa kulitaja mbele ya watoto.

Jibu linategemea umri. Mtoto wa miaka mitatu au minne huona kifo kama safari, mtu anaenda na kurudi, hivyo anaweza kuuliza jambo lilelile mara kumi. Anahitaji maneno machache: mwili wake uliugua sana, ukaacha kufanya kazi, hatarudi. Kuanzia miaka mitano hadi saba wengi huanza kuelewa kuwa kifo hakina kurudi, na hapo ndipo maswali huwa makali. Zile lugha zetu za kupooza, “babu amesafiri”, “bibi amelala”, kwa umri huu huleta shida. Mtoto aliyeambiwa bibi amelala anaweza kuogopa kulala, na aliyeambiwa amesafiri akamsubiri mlangoni.

Jambo lingine la kutazama ni Shuri mwenyewe. Anajilaumu. Watoto pia hujilaumu. Wapo wanaodhani baba ameugua kwa sababu walikataa kumsalimia au waligombana na dada. Mzazi amwambie waziwazi: ugonjwa huu hukuusababisha wewe, na hata Shuri hakuusababisha. Kama nyumbani kuna mgonjwa, swali la vibranium huenda linamhusu huyo. Asiahidiwe kwamba atapona. Aambiwe madaktari wanafanya nini, na nani atampeleka shule wakati mama yuko hospitali.

Kuhusu madini ya kuponya, watu wazima nao wana Wakanda yao. Bangili za shaba na za sumaku huuzwa kwa ahadi ya kutuliza maumivu. Utafiti uliofanyika Uingereza na kuchapishwa mwaka 2013 ulizijaribu kwa wagonjwa wa baridi yabisi, na hazikuonyesha nafuu ya maana kuliko bangili za bandia. Hasara si hela ya bangili peke yake, bali na miezi inayopita mgonjwa akisubiri ifanye kazi.

Kwa saratani ya utumbo mpana miezi ni kitu kikubwa, kwa sababu ikigundulika mapema uwezekano wa kupona huwa mkubwa zaidi. Dalili zake huonewa aibu: damu kwenye choo kikubwa, choo kubadilika kwa wiki kadhaa, maumivu ya tumbo yasiyoisha, uchovu wa upungufu wa damu, kupungua uzito bila sababu. Wengi huona damu wakajiambia ni bawasiri na kununua dawa ya kupaka. Huenda ni bawasiri kweli, lakini anayepaswa kusema hivyo ni daktari aliyempima.

Mwaka 2021 Marekani ilishusha umri wa kuanza uchunguzi kwa mtu asiye na dalili kutoka miaka 50 hadi 45. Mwenye mzazi, kaka au dada aliyewahi kuugua hushauriwa kuanza akiwa na miaka 40, au miaka kumi kabla ya umri ambao ndugu huyo aligundulika, kutegemea upi unatangulia. Kwa hiyo kama baba aligundulika akiwa na miaka 43, wanawe wazungumze na daktari wakifika 33.