Viatu vya Chale

Msomaji mpenzi, je, wajua kwa nini mtu mchekeshaji huitwa chale? Neno hilo latokana na jina la Charlie Chaplin, Mwingereza aliyeanza kucheza sinema Marekani mwaka 1914. Picha zake za kwanza hazikuwa na sauti, kwa hiyo hazikuhitaji mkalimani. Koti lilimbana, suruali ilimpwaya, na viatu vikubwa vilimfanya atembee kama bata. Mambo hayo kila mtu ayajua, awe London au Musoma.

Katika picha moja ya mwaka 1925 amezingirwa na theluji, chakula hakuna. Basi achemsha kiatu chake. Anyonya misumari kama sisi tunyonyavyo mifupa ya sato, na kamba azizungusha kwa uma kama tambi. Watu walicheka mpaka machozi. Lakini tazama: chale huyu alizaliwa mwaka 1889, akakulia London katika umaskini mkubwa, na alipokuwa na miaka 7 alipelekwa katika nyumba ya kutunzia maskini. Njaa aliijua. Alijicheka mwenyewe; hakumcheka mwenye njaa.

Nayasema haya kwa sababu mimi nimekosa. Jumapili moja, katika kigango kimoja karibu na Butiama, mtoto aliingia kanisani amevaa viatu vya marehemu baba yake. Pwata, pwata, pwata, mpaka benchi la mbele. Kiatu kimoja kikabaki njiani. Watoto wakacheka, na mimi karani, mwenye kalamu mfukoni, nikacheka nao. Jumapili iliyofuata hakuja. Wala ile ya pili yake.

Nikaenda kwa mama yake kuomba radhi. Tukakunja matambara, tukayasokomeza mbele ndani ya viatu. Kisha nikamsimulia mtoto jinsi nilivyokwenda harusini Bunda na viatu vya kuazima, vidogo, nikacheza kwa visigino usiku kucha, asubuhi nikarudi peku, viatu begani. Alicheka sana huyo! Jumapili akarudi, akitembea sawasawa.

Wahenga walisema: kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Basi, msomaji, umwonapo mwenzako anachechemea, muulize kwanza kiatu kinambana wapi. Na ukitaka kuchekesha watu, anza na miguu yako mwenyewe.

Tuonane juma lijalo.